Bibi Harusi Hajala

Mwezi uliopita, alasiri ya Jumamosi, ukumbi mzima pale Kilifi ulicheka kilio cha mwanamke aliyekuwa akiungua. Nilikuwa nimeketi safu ya mbele, mgeni wa heshima, nimewekewa maji ya chupa mezani na kishada cha asumini mapajani. Vijana walicheka mpaka wakapiga viti vilivyokuwa mbele yao. Mmoja nyuma yangu alikuwa akijifuta machozi na kusema, "Hapo ndipo! Wallahi kila nikiona hapo nafa." Halafu wote kwa pamoja, kama watoto wanaomwitikia mwalimu, wakatamka yale maneno: "Bibi harusi, ngoja iive!" Picha ikaendelea ukutani. Mimi nikawa natazama miguu yangu.

Vijana wale sina ugomvi nao, au niseme sina ugomvi mkubwa. Aliyenialika ni msichana anayeitwa Furaha, na alinipigia simu kwa adabu zote. "Shikamoo Bi Mishi. Tumeambiwa wewe ndiye uliyetengeneza ile damu." Nikamwambia ni mimi. Akapiga kelele upande wa pili kana kwamba nimemwambia nilijenga daraja la Kilifi kwa mikono yangu. Walikuwa wameipata kaseti ya zamani ya picha yetu, *Bibi Harusi Hajala*, wakaisafisha, wakaitia kwenye kompyuta, na sasa walitaka kuionyesha upya na kuwaenzi walioitengeneza. Sikushangaa sana, kwa sababu kipande kimoja cha picha ile, kifupi kama pumzi mbili, kilikuwa kimeshazunguka kwenye simu za watu wote. Mtu akiwa na haraka ya jambo, haraka ya mchumba au ya chai, hutumiwa yule mwanamke wa shela nyeupe anayetia mkono kwenye sufuria na kulia. Hata mimi nimetumiwa, na mtoto wa ndugu yangu, siku nilipomhimiza aje kunitengenezea bomba.

Swaleh, aliyeipiga picha ile, alikuwa jukwaani, kanzu imenyooshwa vizuri na kofia ya viua kichwani, mkono mmoja juu ya mkongojo. Walimwuliza siri ya kilio kile ni nini. Akatabasamu, akaacha ukumbi umsubiri, maana hilo analijua tangu ujana. "Mwigizaji mzuri hutoa roho yake," akasema. "Mimi nilishika kamera tu." Wakampigia makofi. Kisha wakaniita mimi. Nilikuwa na maneno ya kusema, nilikuwa nayo kwa zaidi ya nusu ya maisha yangu. Nikaishika maikrofoni, nikasema, "Ahsanteni sana. Mungu awabariki." Nikarudi kuketi. Tangu siku hiyo nina hasira ambayo haishuki, na ninaandika sura hii ya kumbukumbu zangu nikiwa nayo. Msomaji asitarajie niipoze.

Mwaka ule nilikuwa na miaka kumi na tisa, ninafanya kazi saluni kwa Bi Nuru, Malindi mjini. Ilikuwa chumba kirefu chenye kioo kimoja kikubwa kilichopasuka pembeni, feni iliyozunguka pale ilipotaka yenyewe, na harufu ya hina, karafuu na nywele zilizounguzwa kidogo na kitana cha moto. Kazi yangu ilikuwa kupamba maharusi: hina, piko, poda, wanja. Kusuka ilikuwa kazi ya Kadzo. Kadzo alitoka Adu, kijiji cha huko nyika, alinizidi mwaka mmoja, alikuwa mrefu na mwembamba, na vidole vyake vilikuwa virefu na vyepesi kiasi kwamba wateja walisinzia wakisukwa. Lakini sifa yake kubwa haikuwa vidole. Kadzo alijua kufa. Ungekuwa unakula viazi vya karai, umeshika kimoja juu ya ukwaju, naye anashika koo lake, macho yanatoka, anatembea hatua tatu akiwaaga wateja mmoja mmoja kwa majina, anaanguka chini, halafu anainua kichwa na kusema, "Niletewe chumvi, kilikuwa hakina chumvi." Bi Nuru alikuwa akimfukuza kwa ufagio. Na Bi Nuru naye, akishageuza uso, alikuwa akicheka.

Chumba cha nyuma Bi Nuru alikuwa amempangisha Swaleh, aliyekuwa akirekodi video za harusi. Alikuwa kijana wa miaka ishirini na tano hivi, mtanashati, mwenye kamera nzito ya begani ambayo mji mzima ulimjua kwayo. Tulikuwa tukienda naye harusini, sisi kupamba na yeye kurekodi. Adhuhuri, joto likishaondoa watu barabarani na Bi Nuru amekwenda kwake kupumzika, Swaleh alikuwa akitubishia ukutani. Tunaingia na mabuyu yetu na achari ya embe, tunakaa sakafuni kati ya nyaya, yeye anafunga pazia na kuweka kaseti. Hakuwa akituwekea picha za mapenzi. Alipenda aina moja tu: picha za kutisha zinazochekesha. Mtu anakatwa kichwa, na kichwa kinabingirika ngazini kikilalamika kuwa ngazi hazijafagiliwa. Maiti anakimbiza watu, anajikwaa, suruali inamvuka, anasimama kwanza kuipandisha. Utumbo unavutwa kama kamba ya ndoo kisimani, na mwenye utumbo anauliza mbona hauishi.

Nimeulizwa mara nyingi, na watu wa msikitini kwetu na hata na daktari mmoja, mtu mzima na akili zake anapata nini kwenye uchafu huo. Sasa nijibu. Mara ya kwanza niliziba macho. Kadzo, pembeni yangu, alipiga yowe kubwa, na kabla yowe halijaisha likageuka kicheko, kitu kimoja kisichokatika, na mimi nikavutwa humo humo. Nilipofumbua macho mwili wangu ulikuwa mwepesi, kama mtu aliyetua mtungi. Kadzo akasema kwao ni jambo la kawaida: matangani huko Adu watu hulia, halafu mtu anatoa utani juu ya marehemu, alivyokuwa bahili, alivyokuwa akikoroma, na waliokuwa wakilia wanaangukiana kwa kicheko. "Usipocheka hapo," alisema, "utabeba maiti mpaka nyumbani." Mimi nililelewa kwenye nyumba ambamo kifo kinanong'onezwa. Kile kicheko kilinifungulia dirisha. Mpaka leo nazipenda picha hizo, na wanaodhani hasira yangu ni juu ya damu ya kuigiza hawajanielewa hata kidogo.

Siku moja Swaleh akazima mashine, akageuka, akasema, "Tutengeneze yetu." Kisa alikuwa nacho tayari. Bibi harusi anafariki siku ya harusi yake kabla ya kuonja chakula. Wageni, badala ya kulia, wanakula pilau yote. Siku ya tatu bibi harusi anatoka kaburini na shela yake, anapita nyumba kwa nyumba akiwapasua matumbo walioalikwa, akitafuta fungu lake. Tulicheka mpaka Kadzo akatoka nje kutapika mabuyu. Kisa kilikuwa kizuri. Bado ni kizuri, na hilo nalo linaniudhi.

Miezi miwili tulipika damu. Nilikoroga unga wa muhogo ukawa uji mwepesi, nikautia rangi ya mabuyu mpaka ukawa mwekundu wa kweli, nikaongeza kahawa kidogo ili isionekane kama sharubati. Kwa macho yaliyong'olewa tulitumia shokishoki zilizomenywa, na Kadzo alikuwa akiyala macho hayo kila nikigeuka. Utumbo ulikuwa soksi ndefu za kike tulizozijaza tambi. Bi Nuru alituruhusu kutumia shela kuukuu iliyokuwa imeachwa na bibi harusi aliyevunja uchumba. Sijawahi kufurahi kazini kama nilivyofurahi miezi ile miwili, na nimefanya kazi tangu hapo mpaka mgongo umepinda.

Lakini kulikuwa na suala la nani avae shela. Ndani ya kisa, bibi harusi anazikwa, na Swaleh alitaka aonekane amevikwa sanda juu ya shela. Niliwasikia yeye na Bi Nuru wakizungumza nyuma ya pazia, mimi nikikoroga hina, Kadzo akisuka mteja hatua nne kutoka kwangu. "Mishi ana sura ya bibi harusi," Swaleh alisema. Bi Nuru akashusha sauti, lakini Bi Nuru hakuwa na sauti ya chini. "Mtoto wa watu umvishe sanda mbele ya mji? Wazee wake nitawaambia nini? Mvishe huyo wa nyika. Wao hayo hayawadhuru." Mteja akajifanya anasoma gazeti. Mkono wa Kadzo ulisimama kwenye nywele, kisha ukaendelea. Mimi nilikuwa mtoto wa watu, kwa hiyo nikaendelea kukoroga hina. Baada ya muda Kadzo akasema kwa sauti ya kawaida, kuelekea kwenye pazia, "Nitavaa. Nguo za shambani kwetu ni mbaya kuliko hiyo." Swaleh akatoka akicheka, akamshika bega. "Stelingi huyo!" akasema. Na jambo likapita kama utani, kama yalivyopita mengine mengi yaliyosemwa juu ya Kadzo kwenye chumba kile.

Tulipiga sehemu kubwa ya picha Junju, shambani kwa jamaa yake Swaleh, ambako kulikuwa na uwanja mpana na meko ya kuni nyuma ya nyumba. Tulikwenda asubuhi na mapema na kurudi jua likizama. Siku ya tukio la jikoni tulikuwa watu tisa au kumi, wengi wao wakiwa wageni wa harusi waliokwisha kupasuliwa. Tukio lenyewe ni hili: bibi harusi anafika jikoni, anamkuta mpishi anakoroga supu ya mbuzi, anatia mkono ndani ya sufuria mpaka kiwikoni kutafuta nyama yake. Mpishi, badala ya kukimbia, anamgombeza kwa kuharibu mapishi. Aliyeigiza mpishi alikuwa dereva mmoja mnene, mcheshi wa kuzaliwa, na maneno yake alikuwa akijitungia mwenyewe. Sufuria ilijazwa maji ya baridi niliyoyatia manjano na majani ya giligilani. Walilicheza tukio mara tatu. Kila mara Swaleh alitazama kwenye kamera na kutikisa kichwa. "Imekufa," alisema. "Hakuna mvuke. Supu gani haitoi mvuke?"

Akampa Kadzo dakika chache za kupumzika kivulini upande wa mbele, kisha akawaambia watu wawili wawashe kuni. Mimi nilibaki nyuma nikichanganya damu. Niliona moto ukiwaka. Niliona maji yakianza kutoa vipovu vidogo kandokando. Swaleh akaziondoa kuni zote, akazizima kwenye mchanga, moto usionekane. Nikamwambia, "Swaleh, hayo maji." Akaweka kidole mdomoni, akanisogelea, na alinukia iliki kama siku zote. "Vuguvugu tu. Nataka ashtuke kidogo, uso wake uamke. Usimwambie, utaniharibia." Nilitaka picha iwe nzuri. Nilitaka Swaleh aone kuwa mimi naielewa kazi. Nilikuwa nimesimama hatua mbili tu kutoka kwenye sufuria, na ningeweza kuchovya kidole changu kimoja nikajua. Sikuchovya.

Kadzo akaja, nikampaka poda upya na kumshushia shela usoni. Akaona mvuke. "Mbona inafuka?" aliuliza. Swaleh akamjibu bila kusita, "Nimeficha birika nyuma ya meko. Sufuria ni baridi, ile ile." Kadzo akageuza uso kwenye sufuria, kisha kwangu. Mimi nikainama kuokota bakuli langu la damu. Kamera ikaanza. Alitembea vile alivyojua kutembea, mabega yamelegea na shingo imepinda, watu wameshaanza kubana vicheko. Akatia mkono wa kulia mpaka kiwikoni.

Sitaeleza kilio chenyewe. Wanaotaka kukisikia wanacho kwenye simu zao. Nitasema tu kwamba hakikuwa na utani ndani yake, na kwamba yule dereva mnene, akidhani ni uigizaji, akamrushia mwiko na kusema yale maneno, "Bibi harusi, ngoja iive!" Wageni waliokufa wakapasuka kwa kicheko pale chini walipolala. Kadzo aliutoa mkono, akaanguka magotini, na ule mkono alikuwa ameushika mbali na mwili kama si wake. Swaleh hakusema "Kata!" Nilimtazama. Jicho lake moja lilikuwa kwenye kamera na la pili limefumbwa, naye alisogea hatua moja mbele ili uso wa Kadzo uingie vizuri. Aliyekuja mbio na ndoo ya maji ni mwenye shamba, mama mtu mzima aliyekuwa akituangalia tangu asubuhi bila kucheka hata mara moja. "Nyinyi ni wanyama?" alituuliza. "Nyinyi ni wanyama gani?" Mtu akapendekeza dawa ya meno. Wakampaka. Muda mwingi ulipita mpaka gari likapatikana la kumpeleka hospitali, na njia nzima Kadzo alitafuna pindo la shela.

Picha ilionyeshwa mara ya kwanza Idd pili, baada ya swala ya adhuhuri, kwenye banda la video nyuma ya soko. Mabenchi yalijaa, wengine wakasimama, wengine wakachungulia kwenye matundu ya mabati. Kadzo alikuja. Sikutarajia angekuja. Mkono ulikuwa umefungwa bandeji na kuning'inizwa kwa leso shingoni, na alivaa gauni lake la kijani la sikukuu. Akakaa benchi la mbele yangu. Watu walipiga mayowe na kucheka kwa zamu, na nilikuwa nikiona mabega ya Kadzo yakicheka pia: soksi za tambi zilimfurahisha sana. Halafu likaja tukio la jikoni. Mkono ukaingia. Kilio kikatoka. Dereva akasema maneno yake. Banda likalipuka.

Nami nilicheka. Naliandika hili kwa sababu hakuna mtu mwingine atakayeliandika. Nilikuwa nimeuona mkono ule ukichubuka ngozi, nilikuwa nimeshika ndoo ya maji baada ya yule mama kunitupia, na bado kicheko kilinitoka, kikubwa, na mdomo wangu ukawa wazi kabla sijajua. Swaleh alikuwa amelikata tukio vizuri mno. Kilio, maneno, kimya kidogo, uso. Ungekuwa jiwe ungecheka.

"Rudisha!" watu walipiga kelele. "Rudisha hapo!" Wakarudisha. Mara ya pili mtu akamtambua Kadzo, akamwonyesha kwa kidole, "Ni huyu! Bibi harusi ni huyu hapa!" Kadzo akasimama. Akageuka kuwakabili watu, akautoa mkono kwenye leso, akauinua na bandeji zake. Hapo walicheka kuliko mara zote mbili. "Ni kweli!" alisema. "Niliungua kweli. Huu ni mkono wangu. Maji yalikuwa ya moto!" Kila alilosema liliwaongezea kicheko, maana walidhani bado anaigiza, na mtu akamjibu kutoka nyuma, "Ungengoja iive!" Kadzo akaacha kusema. Akanitazama mimi. Mdomo wangu ulikuwa haujafungika.

Vidole vitatu vilijikunja na havikunyooka tena. Bi Nuru alimwambia kwa upole, na upole ule ndio ulionichoma, kwamba maharusi hawapendi kushikwa kichwa na mkono wa namna ile. Siku alipoondoka kurudi Adu nilikuwa na bibi harusi kitini. Alisimama mlangoni na begi lake, nikamwambia, "Mungu akujaalie," na yeye akasema, "Amina," basi. Wiki ile ile nilikwenda chumba cha nyuma, nikamwambia Swaleh, "Kikate kile kilio." Alikuwa akisafisha kichwa cha mashine kwa pamba, na hakuacha. "Nikikikata nitabaki na nini?" akasema. "Watu wanakuja kwa sababu ya hicho." Nikamwambia, "Ulisema ni vuguvugu." Hapo akainua macho. "Na wewe ulisimama pale ukaona. Tusifunguane vinywa, Mishi." Nikatoka. Mwaka uliofuata nikampikia damu ya picha mbili nyingine.

Nimekuwa nikijiambia miaka yote hii kwamba Swaleh ndiye mwovu, na ndiye. Alidanganya mtu usoni ili apate mvuke. Aliiba kitu ambacho kwenye picha zile hakiibiwi. Tunacheka kichwa kinachobingirika kwa sababu tunajua mwenye kichwa amekaa pembeni anakunywa chai. Huo ndio msingi wote. Ukiuondoa, kinachobaki ni watu wengi wanaomcheka mtu anayeumia, na hilo halihitaji kamera, lipo kila mtaa. Lakini nilipotoka ukumbini Kilifi na kishada changu cha asumini, nilielewa kwamba Swaleh yeye alisema uongo wake mara moja. Mimi nimekuwa nikiusema kila siku kwa kunyamaza, na juzi nikausema kwa maikrofoni.

Wiki mbili baadaye nikaenda Adu. Nilimkuta Kadzo barazani, amekuwa bibi wa watu, mvi zimemjaa, mabega yale yale. Wajukuu wawili walikuja kunipa shikamoo, kisha wakarudi kwenye simu yao, na kwa sauti nilizosikia nilijua wanachotazama: yowe, kicheko, yowe. "Wananifanya nitazame nao," Kadzo alisema, kana kwamba tuliachana juzi. "Napenda bado. Mtu anakatwa vipande, halafu anaamka anauliza chakula. Ndiyo raha yake ile. Wote wanaamka." Akaniandalia wari, ugali wa kwao, kwa mboga ya mchunga na samaki. Mimi nilikula kwa mkono. Yeye alikula kwa kijiko, mkono wa kushoto. Aliniona nikitazama. "Nimesemwa sana kwa ajili ya huu wa kushoto," akasema. "Mpaka harusini kwangu nilisemwa."

Nikamwambia juu ya Kilifi. Akaniambia kile kipande ametumiwa pia, kwenye kikundi cha kina mama wa kanisani. Hawajui kuwa ni yeye. "Nikawajibu kwa kicheko," alisema. "Ningewajibu nini?" Ndipo nikasukuma sahani kando, nikaanza yale niliyokwenda kusema. "Kadzo, siku ile Junju, mimi niliona..."

"Niliona umeona," akanikata. Hakupandisha sauti. "Nilikuangalia. Nikasema moyoni, kama ni ya moto, Mishi ataniambia. Nikatia mkono."

 Nilimwuliza, kwa sauti ambayo sikuitambua, kwa nini hakuwahi kusema. "Nilikuwa nakungoja useme wewe," alijibu. "Siku ya begi nilisimama mlangoni nikangoja. Baadaye nikachoka kungoja, nikalima." Akachota wari kwa kijiko, akatafuna taratibu, akameza. "Huko Kilifi walicheka?"

"Walicheka."

"Na wewe?"

"Sikucheka."

"Wakakupa nafasi useme?"

"Walinipa."

"Ukasema nini?"

Nilitamani nimdanganye. "Nilisema ahsanteni sana. Mungu awabariki."

Kadzo alinitazama, kisha midomo yake ikaanza kutetemeka, na nikadhani atalia. Alicheka. Alicheka kwa ile sauti ya chumba cha nyuma, mwili mzima, mpaka kijiko kikamwanguka na wajukuu wakaja mbio kuona kuna nini. "Mungu awabariki!" alirudia, akipiga goti. "Yesu wangu! Mungu awabariki!" Nami nilikaa pale mkekani nikichekwa, uso unawaka, na nakiri kwamba nilikasirika, nilimkasirikia yeye, mtu ambaye sikuwa na haki ya kumkasirikia hata kidogo. Nilitaka kumwambia si jambo la kuchekwa. Nikafunga mdomo wangu.

Aliponyamaza alijifuta macho kwa mgongo wa ule mkono uliojikunja.

"Mpigie huyo msichana wa Kilifi," akasema. "Mwambie wasikate kitu. Waionyeshe tena, yote, na nitakuja mwenyewe kuwaeleza. Na huyo Swaleh awepo." Akakiokota kijiko, akakipangusa na leso yake. "Wewe utakaa mbele kabisa, Mishi. Mahali nitakapokuona."